William Farr: Karani aliyetaka kujua marehemu alikufa maji vipi

Umewahi kuiona fomu ya kifo? Sisemi kibali cha mazishi, hicho karibu kila familia imewahi kukishika. Nasema ile karatasi inayotangulia kibali. Hapa Kenya mtu akifia hospitalini inajazwa D1, akifia nyumbani inajazwa D2 kupitia kwa naibu wa chifu. Ndani yake kuna nafasi ndogo tu ya kuandika sababu ya kifo. Sasa chukulia kijana wa rika lako ameopolewa Ziwa Victoria asubuhi. Anayejaza fomu anaandika: kufa maji. Anapiga muhuri, basi.

Lakini alikuwa anaogelea? Alikuwa kwenye mashua ya kuvua omena ikapinduka? Aliteleza kutoka kwenye feri? Ama kuna mtu alimsukuma? Maneno hayo mawili yanafunika yote. Na yakifunika kwenye fomu moja, yatafunika kwenye fomu elfu, hadi siku ile waziri ataulizwa ni wavuvi wangapi walikufa kwa kukosa jaketi za kuokoa maisha, na hatakuwa na la kujibu.

Kuna mzee mmoja wa Uingereza ambaye swali hilo lilimkosesha usingizi karibu miaka 200 iliyopita. Hakuwa waziri wala profesa. Alikuwa karani. Anaitwa William Farr, na kama unasomea rekodi za afya, uuguzi au udaktari, basi kila mara unapoandika kodi ya ugonjwa kwenye faili unafanya kazi aliyoianzisha yeye, hata kama mwalimu wako hajawahi kumtaja.

Farr alizaliwa Novemba 30, 1807 katika kijiji cha Kenley, eneo la Shropshire, magharibi mwa Uingereza. Wazazi wake walikuwa maskini, baba akifanya vibarua vya shambani. Enzi hizo mtoto wa kibarua alijua maisha yake mapema: ungekuwa kibarua kama babako, na watoto wako vilevile. Bahati ya Farr ilikuwa mzee mmoja tajiri wa kijiji cha Dorrington, Joseph Pryce, ambaye hakuwa na mke wala watoto. Mzee Pryce alimpenda kijana huyu mwenye kiu ya vitabu, akamchukua na kumsomesha kama wake.

Akiwa na miaka 19 hivi, Farr alianza kazi katika hospitali ya mji wa Shrewsbury, akimsaidia mpasuaji kufunga vidonda, huku akijifunza udaktari kwa Dkt Webster wa mji huo. Mwaka 1828 mzee Pryce akafariki na kumwachia pauni 500. Wewe ungefanya nini na pesa kama hizo ukiwa na miaka 21? Farr alipanda meli hadi Ufaransa, akaingia Paris kusoma.

Paris ya wakati huo ndiyo ilikuwa moto katika udaktari. Kulikuwa na daktari aliyeitwa Pierre Louis ambaye alikuwa na tabia iliyowakera wenzake: alihesabu. Madaktari wengine walisema dawa fulani inafanya kazi kwa sababu wameizoea. Louis aliuliza: wagonjwa wangapi walipewa, wangapi walipona, wangapi walikufa? Kwa njia hiyo alitia shaka kubwa juu ya mtindo wa kuwatoa damu wagonjwa wa homa ya mapafu. Farr alimsikiliza, na nadhani hapo ndipo maisha yake yalipogeuka, ingawa itamchukua miaka kadhaa kulijua hilo.

Alirudi London 1831, akasoma kidogo katika chuo cha University College, na Machi 1832 akapata leseni ya chama cha wauza dawa. Hiyo ilikuwa leseni ya ngazi ya chini katika udaktari wa London. Wakubwa walikuwa na digrii za Oxford na Cambridge. Alifungua kliniki karibu na Fitzroy Square, akaoa 1833, akangoja wagonjwa. Wagonjwa hawakuja wengi. Ili kujikimu alianza kuandika makala kwenye majarida ya udaktari, na mengi yalihusu hesabu: nani anakufa, wapi, akiwa na umri gani.

Mwaka 1837 ulimjia na mengi kwa mpigo. Mke wake aliaga kwa kifua kikuu. Dkt Webster, yule wa Shrewsbury, naye akafa, akamwachia Farr pauni 500 nyingine na maktaba yake. Mwaka huohuo kitabu kikubwa kuhusu himaya ya Waingereza kilichapishwa kikiwa na sura ya Farr kuhusu takwimu za maisha na vifo. Na Julai 1, serikali ikaanza kusajili kila mtu anayezaliwa, anayeoa na anayekufa katika Uingereza na Wales. Kabla ya hapo kazi hiyo ilikuwa ya makanisa, na kanisa liliandika ubatizo na maziko, si nini kilikuua.

Ofisi ya Msajili Mkuu ilipofunguliwa, rejista zilianza kumiminika London kutoka kila pembe ya nchi. Ndani yake kulikuwa na vurugu tupu. Ugonjwa mmoja ulikuwa na majina matatu manne kulingana na kijiji na daktari. Jina moja nalo lilibeba magonjwa matatu manne. Wengine waliandika dalili badala ya ugonjwa: homa, kuvimba, kukohoa. Wengine waliandika kwamba mtu alikufa ghafla, wakaachia hapo. Msajili Mkuu wa kwanza, Thomas Henry Lister, alikuwa mwandishi wa riwaya. Alihitaji mtu anayejua magonjwa na pia anayejua hesabu, na watu wa aina hiyo hawakuwa wengi. Farr akachukuliwa.

Aliingia kama mtu wa kukusanya na kufupisha takwimu. Cheo kidogo, meza, wino, na rundo la vifo. Angebaki kwenye meza hiyo hadi 1880.

Ripoti ya kwanza ya ofisi ilitoka 1839, na Farr aliambatisha barua yake mwenyewe. Hoja yake ilikuwa nyepesi kuielewa. Fundi hawezi kujenga ikiwa kila mtu ana futi yake. Mfanyabiashara hawezi kuuza ikiwa kila duka lina kilo yake. Basi vipi utajua ni nini kinaua watu ikiwa kila daktari ana majina yake ya magonjwa? Akatengeneza orodha. Aliyapanga magonjwa katika makundi, na mwishoni akaweka kundi lililokuwa tofauti na mengine yote: vifo vya nguvu na ajali. Humo ndimo walipoingia waliokufa maji, walioungua, waliokanyagwa na farasi, waliouawa na waliojiua.

Utasema, orodha tu, kuna noma gani? Subiri kidogo.

Kwenye ripoti hiyohiyo ya kwanza, Farr aliandika kuwa katika miezi sita ya mwisho ya 1837 watu 63 walikufa kwa njaa. Sitini na watatu kati ya karibu 148,000. Namba ndogo sana. Lakini serikali ilikuwa imebadilisha sheria ya kusaidia maskini mwaka 1834: ukitaka msaada, uingie kwenye nyumba za kazi, mahali palipofanywa pagumu makusudi ili watu wasipende kwenda. Bosi aliyesimamia mpango huo kama katibu wa tume alikuwa Edwin Chadwick, mtu mwenye nguvu na mwenye ulimi. Kama watu wanakufa njaa England, basi mpango wake una walakini. Chadwick akaja juu. Alidai kesi hizo hazikuwa njaa hasa, akazichimba moja moja kutafuta sababu nyingine.

Chadwick alikuwa miongoni mwa waliompigia Farr debe apate kazi. Hebu jiweke hapo. Una miaka 31, umefiwa na mke, kliniki yako haikulipi, umepata kazi ya serikali juzi tu, na mkubwa aliyekusaidia kuipata anataka ufute mstari mmoja. Farr hakuufuta. Alijibu kwamba njaa huua zaidi ya inavyoandikwa, kwa sababu mtu mwenye njaa kwanza hudhoofika, kisha homa humchukua, na karatasini inaandikwa homa. Lister alimuunga mkono. Ugomvi ukachapishwa, watu wakausoma, na mstari ukabaki.

Mimi naona hiki ndicho kisa kikubwa zaidi cha maisha yake, kuliko hata yale ya kipindupindu yanayotajwa mara nyingi. Kwa sababu kilionyesha mapema kwamba neno linaloandikwa kwenye ile nafasi ndogo ya sababu ya kifo lina wenyewe, na wenyewe wanaweza kuwa na sababu za kutolipenda.

Baada ya hapo kazi ikapamba moto. 1840 alionyesha kwamba mlipuko wa ndui hupanda na kushuka kwa mpangilio unaoweza kukadiriwa kwa hesabu. Ile mikondo mliyoonyeshwa kwenye runinga wakati wa korona ina babu yake hapo. 1843 alichapisha majedwali yaliyoonyesha kuwa mtoto anayezaliwa Surrey, mashambani, angetarajia kuishi miaka 45, wa London 37, na wa Liverpool 26. Miaka 26! Yaani jiji la bandari lililokuwa likitajirika kuliko mengi lilikuwa likiwazika watu wake wakiwa vijana kama wewe. 1845 ofisi yake ilianza kuwagawia madaktari nchini vitabu vya fomu tupu za kujaza sababu ya kifo, ili jina litoke kwa aliyemtibu marehemu, si kwa jirani aliyekuja kusajili. Iliwachukua hadi 1874 kuifanya kuwa lazima kisheria.

Alioa tena 1842, wakapata watoto wanane. Kuhusu maisha ya nyumbani hakuna mengi ya kukusimulia. Alikuwa mtu wa ofisi.

Sasa tuje kwa kosa lake, maana alikosea na tena vibaya. Kipindupindu kilipoipiga Uingereza 1848 na 1849, zaidi ya watu 50,000 walikufa. Farr alikaa na namba, akapata kitu cha ajabu: kadiri mtaa wa London ulivyokuwa chini karibu na mto Thames, ndivyo vifo vilivyozidi, na kadiri ulivyopanda mlimani ndivyo vilivyopungua. Hesabu ilikubaliana vizuri kiasi cha kutisha. Akahitimisha kwamba hewa chafu inayotoka mtoni ndiyo inayoua. Karibu kila msomi wa wakati huo aliamini hivyo. Lakini mitaa ya chini ndiyo pia iliyokunywa maji machafu zaidi, na hilo hakulipa uzito wake.

Daktari mwingine, John Snow, alisema ni maji. Watu walimpuuza. Farr hakuafikiana naye moja kwa moja, ila alifanya jambo ambalo wengi wetu tungeshindwa: alimpa data. Mwaka 1854 Snow alipotaka kujua waliokufa waliishi nyumba gani na maji yao yalitoka kampuni gani, anwani zilitoka kwenye rejista za Farr. Snow aliaga 1858 bila kuona akikubaliwa. Kisha 1866 kipindupindu kikarudi, na safari hii kiliua zaidi ya watu 5,000 London, wengi wao mashariki mwa jiji. Farr aliangalia ramani, akaona vifo vimefuata mabomba ya kampuni moja, East London Water Company. Mhandisi wa kampuni aliapa kwamba hawakuwa wametoa maji yasiyochujwa. Ndipo wateja wakajitokeza wakisema wamekuta mikunga kwenye mabomba yao. Mkunga, ule samaki mrefu kama nyoka! Kama maji yamechujwa, samaki alipitia wapi? Ripoti ya Farr iliyochapishwa 1868 iliiangukia kampuni hiyo, na mwenyewe akawa amehamia upande wa Snow. Ilimchukua zaidi ya miaka kumi kukubali. Aliyemshawishi mwishowe alikuwa ni rejista yake mwenyewe.

Kati ya hapo alimsaidia pia Florence Nightingale, yule muuguzi wa vita vya Crimea. Kuanzia 1856 walifanya kazi pamoja kuonyesha kwamba askari wengi zaidi waliuawa na magonjwa ya kambini kuliko risasi za adui. Picha za takwimu za Nightingale ndizo zinazosifiwa mitandaoni siku hizi. Hesabu nyingi zilizo chini ya picha hizo zilipitia mkononi mwa Farr.

Turudi kwa orodha. Mwaka 1853 wanatakwimu wa nchi mbalimbali walikutana Brussels na kuona kwamba shida ya Farr ilikuwa shida ya kila mtu. Mfaransa akiandika hivi na Mwingereza vile, utalinganishaje? Wakawapa kazi watu wawili: Farr, na Marc d'Espine wa Geneva. Miaka miwili baadaye, Paris, kila mmoja akaja na yake. D'Espine alipanga magonjwa kwa asili yake. Farr alipanga katika makundi matano: ya kuambukiza na kuenea, ya mwili mzima, ya kiungo fulani, ya ukuaji na uzee, na yale ya nguvu na ajali. Mkutano ukafanya kama kamati zote duniani zinavyofanya, ukachanganya zote mbili ukapata orodha ya vichwa 139 ambayo haikumridhisha yeyote. Ilipofanyiwa marekebisho 1864, mpango wa Farr ndio uliofuatwa.

Kundi la tano ndilo ninalotaka ulitazame kwa makini. Farr hakutosheka kuandika kufa maji. Aligawa kwanza kwa namna ilivyotokea: ajali au uzembe, vita, mauaji, kujiua, kunyongwa na serikali. Kisha chini ya namna hiyo ndipo akaweka njia: kisu, sumu, moto, maji. Kwa hiyo kufa maji kulitokea chini ya ajali, na kukatokea tena chini ya kujiua. Mto ni uleule, mwili ni uleule, lakini ni vifo viwili tofauti, na kila kimoja kinahitaji kuzuiwa kwa njia yake. London ya wakati huo iliokota miili mingi kwenye Thames, na mara nyingi uchunguzi uliishia kusema tu kwamba ameokotwa amekufa maji. Alifikaje majini? Kimya. Msanii George Frederic Watts alichora picha ya mwanamke wa namna hiyo akiwa amelala ukingoni chini ya daraja, na jina la picha likawa ni maneno yaleyale ya uamuzi.

Halafu ikaja Septemba 3, 1878. Ilikuwa Jumanne jioni. Meli ya mvuke ya abiria, Princess Alice, ilikuwa ikirudisha watu London kutoka matembezini ufuoni. Familia, wapenzi, watoto, watu wa kawaida walionunua tiketi ya bei rahisi kwenda kupunga upepo. Karibu na Woolwich iligongana na meli ya makaa ya mawe, Bywell Castle, ikakatika na kuzama kwa muda wa dakika chache tu. Waliokufa wanakadiriwa kuwa kati ya 600 na 700. Hakuna ajuaye idadi kamili, kwa sababu hapakuwa na orodha ya abiria. Miili karibu 120 ilizikwa Woolwich bila kutambuliwa.

Kulikuwa na jambo jingine baya. Mahali meli ilipozama ni karibu na mabomba ya Barking na Crossness, yanakomwaga majitaka ya jiji zima, na yalikuwa yamefunguliwa muda mfupi kabla. Watu waliangukia kinyesi cha London na maji ya viwandani. Wapo waliookolewa wakiwa hai na kufariki baadaye. Haya niambie, hao utawaandikia nini? Walikufa maji? Walikufa kwa sumu? Au walikufa kwa ajali ya meli?

Farr alikuwa na miaka 70 wakati huo na bado yuko kwenye meza yake. Ofisi ya Msajili Mkuu ndiyo ilipaswa kuzipokea karatasi hizo zote.

Leo swali hilo lina jibu, na jibu linatoka kwenye mti alioupanda. Kitabu ambacho hospitali nyingi duniani zimekitumia kwa miongo mitatu, ICD toleo la 10 la Shirika la Afya Duniani, kinataka kodi mbili kwa mtu aliyekufa maji. Moja inasema mwili ulipatwa na nini: T75.1, kuzama majini. Ya pili inasema ilikuwaje, na hii ndiyo yenye uhondo. Chombo kikipata ajali, kikapinduka, kikagongana au kikawaka moto na mtu akafa maji, ni V90. Chombo kikiwa salama lakini mtu akaanguka kutoka sitahani au akasombwa na wimbi, ni V92. Halafu unaongeza tarakimu ya aina ya chombo: 0 ni meli ya mizigo, 1 meli ya abiria na feri, 2 mashua ya uvuvi, 4 chombo cha tanga, 5 mtumbwi wa makasia. Kwa hiyo abiria wa Princess Alice wangekuwa V90.1. Wale 272 wa feri ya Mtongwe kule Mombasa, Aprili 29, 1994, nao ukiwaandika kwa kitabu hicho ni V90.1. Mvuvi wa Homa Bay ambaye mashua imepinduka ni V90.2.

Na yule aliyekuwa anaogelea ziwani? Huyo ni W69. Aliyeteleza ukingoni akaanguka? W70. Aliyebebwa na mafuriko ni X38, aliyejiua ni X71, aliyesukumwa majini ni X92. Usipojua lolote unaandika W74, kapu la wasiojulikana. Ukiona kapu hilo limejaa, ujue mahali fulani kuna mtu aliyechoka kuuliza maswali. Simlaumu sana, akifika mochari familia inalia, mashahidi wameenda zao, na foleni ni ndefu.

Kuna mtego hapa ambao hata watafiti huingia. Ukitafuta waliokufa maji kwa kuhesabu W65 hadi W74 pekee, utawaacha nje wote wa V90 na V92, yaani kila aliyekufa kwa chombo cha majini, na wa mafuriko pia. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba watu 300,000 walikufa maji mwaka 2021, na shirika lenyewe linakiri kuwa hesabu zake kwa kawaida hazijumuishi ajali za vyombo vya majini wala mafuriko. Sasa piga picha nchi ambayo watu wake hufa zaidi kwenye mashua na feri kuliko kwenye vidimbwi vya kuogelea. Inaweza kuonekana karatasini kama haina shida kubwa, kumbe shida iko kwenye ukurasa mwingine wa kitabu.

Farr hakuyaona hayo. Mwaka 1879 bosi wake wa miaka mingi, Msajili Mkuu George Graham, alistaafu. Kila mtu aliyeijua ofisi alijua nani aliyekuwa akiibeba. Tayari Farr alikuwa mwanachama wa jamii ya wanasayansi ya kifalme tangu 1855, alikuwa mmoja wa makamishna wa sensa ya 1871, na jedwali lake la maisha la 1864 lilikuwa limepigwa hesabu kwa msaada wa mashine, mojawapo ya kazi za kwanza za serikali kufanywa hivyo. Kiti kikapewa Sir Brydges Henniker, mtu mwenye jina la ukoo mkubwa na asiyejulikana kwa takwimu. Mtoto wa kibarua akaambiwa, kwa lugha ya kiofisi, kwamba asante.

Farr aliandika barua ya kujiuzulu na kuondoka mapema 1880. Mwaka huo alipewa nishani ya serikali na medali ya dhahabu ya chama cha madaktari wa Uingereza. Pesa zake hazikudumu, na marafiki walilazimika kufanya mchango kwa ajili ya binti zake. Aliaga dunia Aprili 14, 1883 nyumbani kwake Maida Vale, London, akiwa na miaka 75, akazikwa Bromley Common.

Miaka miwili baadaye mwenzake wa ofisini, Noel Humphreys, alikusanya maandishi yake katika kitabu kimoja. Miaka kumi baada ya kifo chake, Jacques Bertillon wa Paris, ambaye nduguye Alphonse ndiye aliyevumbua mbinu ya polisi ya kuwatambua wahalifu kwa kuwapima viungo, alipeleka Chicago orodha mpya ya sababu za vifo iliyojengwa juu ya mpango wa Farr. Nchi zikaanza kuitumia. Mwaka 1900 wajumbe wa nchi 26 walikutana Paris kuifanyia marekebisho ya kwanza, na 1948 Shirika la Afya Duniani likaichukua. Toleo la 11 lilianza kutumika rasmi Januari 1, 2022.

Ukipita Keppel Street huko London, tazama juu kwenye ukuta wa chuo cha afya na magonjwa ya tropiki. Kuna majina yamechongwa kwenye jiwe kuzunguka jengo, ya watu wa afya ya umma. Farr yumo. Sir Brydges Henniker hayumo.